Manowari ya nani, na vita gani?

Swali: Tuliangalia video ya mzungu mmoja aliyejitengenezea chombo cha kwenda chini ya maji. Rafiki yangu anakiita manowari, mimi nimezoea neno la Kifaransa, sous-marin, mwalimu wetu anasema nyambizi. Tushike lipi? Na wingi wake? – Msomaji, Kadutu, Bukavu.

Jibu: Ndugu yangu, mwalimu wenu amepatia: nyambizi. Litamke polepole utasikia mbizi ndani yake, ileile wanayoipiga watoto wa Nguba wakijirusha ziwani.

Ila umenitonesha kidonda. Hilo "manowari" la rafiki yako linanikera miaka mingi. Lilitoka kwa mabaharia wa Kiingereza, man-of-war, na maana yake ni moja tu: meli ya vita. Ielee juu au ipite chini, kinachoifanya manowari ni kazi ya kupigana. Tazama meli Graf von Götzen. Mwaka 1915 Wajerumani waliiweka mizinga na kutamba nayo ziwa Tanganyika. Hiyo ilikuwa manowari kamili, na chini ya maji haikwenda mpaka mwaka 1916, Wajerumani walipoizamisha wenyewe ili isitekwe. Iliibuliwa 1924, ikawa meli ya abiria, ndiyo Liemba. Chuma kilekile, ziwa lilelile, lakini ukiiita Liemba manowari pale bandarini Kalemie watu watatafuta pa kujificha.

Sasa niambie: mwaka 2019 Mmarekani Victor Vescovo alishuka peke yake karibu mita 11,000 katika Pasifiki, ndani ya chombo chake mwenyewe, Limiting Factor, chumba chake kikiwa tufe la titani lenye unene wa sentimita 9. Hakuwa na bunduki wala bomu. Alikwenda kuona. Manowari gani hiyo?

Juni 2023, nyambizi Titan ilipopotea na watu 5 ikielekea kwenye mabaki ya Titanic, mita 3,800 hivi chini, nilimsikia mtangazaji redioni akisema "manowari imezama". Mama mkwe wangu akaacha kuchambua sombe, majani ya muhogo, akauliza: "Ni nani amewapiga?" Swali lake lilikuwa sahihi kabisa, sentensi ndiyo iliyomdanganya. Hakuna aliyewapiga. Na "imezama" nayo haikumweleza kitu, maana chombo kile kazi yake ni kuzama. Kilichotokea ni kwamba uzito wa maji ulikiponda. Maneno mawili, yote mawili yakapotosha, na watu 5 wamekufa. Sisi wa Kivu tunaijua vita. Neno lake tusiligawe ovyo kwa mtu anayeshuka kuangalia samaki.

Ikiwa ni ya jeshi, yenye makombora, sema "nyambizi ya kivita", na hata "manowari ya chini ya maji" nitaivumilia.

Sous-marin yako sina ugomvi nayo mtaani. Mji mzima unaongea hivyo. Lakini Mfaransa ametia bahari ndani ya jina, na sisi hapa tuna ziwa. Nyambizi haidai bahari. Mtu akiteremsha yake Kivu kesho, chini ya taa za wavuvi wa sambaza, jina litamfaa bila kubadilishwa herufi.

Wingi ni nyambizi vilevile: nyambizi hii, nyambizi hizi.