Re: Imani ya "Pumzi Moja" kwenye hadithi yangu imekuwa mahubiri, nisaidieni

Mambo mkuu. Kwa hiyo watu wako wa kisiwani wanaamini samaki, miti na binadamu wanavuta pumzi moja, ila kila ukiandika inageuka mahubiri. Cheki kwanza hiki, hiyo imani inamnyima nani chakula? Kama haimnyimi mtu ndo maana inaboa. Mi niko Mwanza huku, wavuvi wa dagaa wanavua gizani kwa taa, mbalamwezi ikikolea wanapaki mitumbwi maana mwanga wa taa hauvuti tena dagaa, hamna anayemhubiria mtu ila ziwa linapumzika na mifuko inakauka. Kwako fanya hizo siku ziwe mwiko, halafu mama mwenye deni aingie majini usiku, tuone wazee wake watamfanya nini.

Na adui asiwe mkata miti mwenye roho mbaya, hao tushawachoka. Sangara alipandikizwa Ziwa Victoria miaka ya 1950, furu kibao (samaki wadogo wa asili wa ziwa) wakapotea, lakini viwanda vya samaki vikaja na ajira zikaja, sasa nani atasema afukuzwe? Kipe kisiwa chako mgeni wa hivyo.

Ile lugha ya kubuni ya watu wako wa kisiwani uliyoulizia siyo fani yangu, wengine watakujibu.