Kwa fayamani, mchochea moto wa treni, anayeanza na injini ndogo

Siku ya kwanza nilipokabidhiwa injini ndogo ya mvuke, ile yenye matangi ya maji ubavuni, nilidhani nimepewa ya kujifunzia. Nilikosea. Injini ndogo haina akiba. Boila yake hubeba maji machache, na ukizubaa kidogo kiwango kimeshashuka. Kwa hiyo kabla hujashika sepeto tazama kioo cha maji kinachoonyesha kiwango hicho, na ukiiweka chini kitazame tena.

Ogopa zaidi kilele cha mlima. Unapopanda bomba la moshi likiwa mbele, maji hurudi nyuma ulikosimama, kioo kikaonekana kimejaa. Ukianza kuteremka yanakimbilia mbele, na dari ya chumba cha moto inaweza kubaki kavu huku makaa yanawaka chini yake. Dereva wangu wa kwanza alikuwa akifungua mwenyewe injekta, kifaa kinachosukuma maji ndani ya boila, kabla ya kilele, kisha tukiteremka ananionyesha kioo kwa kidole. Nilielewa.

Matangi nayo yana mambo yake. Maji yaliyomo ni sehemu ya uzito unaokandamiza magurudumu kwenye reli, kwa hiyo yakipungua injini huanza kuteleza. Yakipata moto sana, injekta hugoma.

Soma pia kwa nini injini hizi ziliundwa nyepesi. Injini ndogo za Terrier zilizobuniwa na William Stroudley, 50 kwa jumla, zilianza kutengenezwa Brighton, Uingereza, mwaka 1872 kwa ajili ya treni za vitongoji vya London. Uzito wao wa tani 28 hivi ndio uliozipa maisha marefu mashambani: kwenye njia ya Hayling Island, daraja la mbao la Langstone halikuruhusiwa kubeba injini nzito zaidi, nazo zikafanya kazi huko mpaka njia ilipofungwa mwaka 1963.

Ninayoipenda kuliko zote ni Glaskasten, injini ndogo ya Bavaria huko Ujerumani, iliyozungukwa na kibanda cha madirisha makubwa. Makaa yalishuka yenyewe kutoka kwenye kihori kilichokuwa juu ya moto, ndiyo maana dereva aliweza kuiendesha bila fayamani. Lakini iliundwa hivyo tangu mwanzo. Injini yako haina kihori hicho, hivyo mtu akikuambia uende nayo peke yako kwa kuwa ni ndogo, kataa.