Redio za FM Mwanza zilianzaje? Naongea kama wakala wa zamani wa salamu, Nansio

Mkuu uliyeanzisha uzi umeuliza mambo mawili: redio binafsi za Mwanza zilianzaje, na kwa nini babu yako kule Ukerewe hazimi redio hata akiwa anakula. Wachangiaji wengi wamekujibu kwa kutaja watangazaji na miziki ya enzi hizo. Mimi nakujibu kutokea ng'ambo ya maji. Kwa miaka kadhaa nilikuwa na kibanda karibu na gati la Nansio, nauza kadi za salamu za kusomwa redioni na kupokea matangazo ya vifo kwa niaba ya vituo zaidi ya kimoja vya Mwanza mjini.

Historia yenyewe si ndefu. Tulikua na Radio Tanzania Dar es Salaam, na kwa huku Bara ndiyo ilikuwa redio. Sheria ya Huduma za Utangazaji ya 1993 ikafungua mlango kwa watu binafsi, na 1994 Radio One ikaanza Dar. Kwetu Kanda ya Ziwa aliyethubutu ni Anthony Diallo, ambaye wengi mnamjua kama mbunge na waziri wa zamani. Kupitia kampuni yake ya Sahara tukapata Radio Free Africa (RFA), kisha Kiss FM kwa ajili ya vijana, na Star TV. Vituo vingine vikafuata, mpaka Chuo cha Mtakatifu Agustino pale Malimbe nacho kikawa na redio yake. Tangu sheria ya 2003 wote hao wako chini ya TCRA, yaani Mamlaka ya Mawasiliano.

Jambo ambalo vijana hamlioni ni kwamba RFA haikuwa redio ya Dar yenye tawi Mwanza. Ilitengenezwa Mwanza, halafu ndiyo ikasikika kwingine. Mtu wa Sengerema au Magu alikuwa anasikia jina la kijiji chake likitamkwa vizuri, na mtu anayejua kilipo. Kabla ya hapo tulizoea kusikiliza habari za wenzetu.

Halafu kuna suala la mawimbi. FM husafiri kwa kunyooka, kama mwanga wa tochi. Mwanza mjini kuna mawe na vilima, kwa hiyo unaweza kukaa bondeni Mabatini ukasumbuka na mkwaruzo, wakati mtu wa Nansio anasikia kama yumo studio, kwa sababu kati yake na mnara kuna maji tupu. RFA ilirusha pia kwenye mawimbi ya kati, kilohezi 1377, na hayo usiku hurudishwa na anga yakatua mbali sana. Ndiyo maana wavuvi wa dagaa waliipenda. Mnajua dagaa huvuliwa usiku wa giza, kwa taa. Mtu anakaa kwenye mtumbwi tangu jioni hadi alfajiri, na mwenzake ni redio ndogo ya National iliyofungwa kwenye mfuko wa nailoni isilowe. Betri zikichoka, mchana zinaanikwa juani kwenye mwamba, pamoja na dagaa.

Sasa hela ilitoka wapi? Kituo binafsi hakina fungu la serikali. Kulikuwa na matangazo ya sabuni na soda, sawa, lakini msidharau kadi za salamu. Kadi ilikuwa karatasi ngumu kiasi cha kiganja, yenye mistari: jina lako na mahali ulipo, majina ya unaowasalimu, wimbo unaoomba, na chini kabisa ujumbe. Watu walijibana kwenye ile mistari! Namkumbuka kijana mmoja wa mwaloni, pale wavuvi wanaposhushia samaki, hajui kuandika, alikuwa ananitajia majina huku akihesabu kwa vidole asimsahau mtu. Nilipomaliza akaniomba nimsomee tena, taratibu, kama atakavyosoma mtangazaji. Nikasoma. Akanyamaza kidogo, akasema, "Kaka, ongeza na mama. Yuko Misungwi, ana redio." Mistari ilikuwa imekwisha. Nikamwandika mama pembeni, kwa herufi ndogo. Kadi zile nilizifunga kwa mpira, nikampa mtu wa melini azifikishe mjini.

Nawaambia kwa moyo wote, yule mama kusikia jina lake hewani lilikuwa jambo kubwa kuliko wimbo wowote. Simu hakuna, barua inachukua wiki. Mwana yuko hai, yuko ziwani, anakukumbuka: hilo ndilo lililokuwa linauzwa pale.

Upande wa vifo ulikuwa mzito zaidi. Mtu akifariki kisiwani, ndugu wako Geita, Musoma, Shinyanga, na mazishi hayasubiri. Familia inakuja kibandani, tunaandika: marehemu, baba wa nani, shemeji wa nani, azikwe lini, wapi. Unalipia, linasomwa. Siku moja nilipeleka tangazo la bibi mmoja wa Bukindo. Kituo hicho sitakitaja. Msomaji akasema Bukongo. Ni herufi chache tu. Mtoto wake wa kiume akatoka Geita, akavuka, akafika Bukongo, akazunguka akiuliza msiba uko wapi. Hakuna msiba. Alipoelekezwa Bukindo akakuta watu wameshatoka makaburini, wananawa mikono. Jioni alikuja kibandani kwangu. Hakunigombeza. Aliomba tu aione ile karatasi, akaweka kidole kwenye neno Bukindo, akakaa nayo muda mrefu.

Tangu siku ile kila jina la kijiji niliandika kwa herufi kubwa, na kando yake naweka alama ya mahali: karibu na kanisa fulani, au mnada fulani. Nilikwenda mwenyewe mjini kuwaomba wasomaji wapitie karatasi kabla ya kuingia studio. Baadhi walinielewa, na wengine waliniona msumbufu.

Simu za mkononi ndizo zilizoua kadi. Salamu zikahamia kwenye meseji, kipindi kimoja kikawa kinapokea ujumbe mwingi kuliko mtangazaji anavyoweza kusoma, na wakala akabaki hana kazi. Nilifunga kibanda. Silaumu mtu kwa hilo.

Lakini babu yako mwelewe. Kizazi chake kilikaa mbele ya redio Mei 1996 MV Bukoba ilipozama, watu zaidi ya 800 wakapotea, na wengi wetu tulisubiri kusikia kama ndugu alikuwemo. Septemba 2018 ilipopinduka MV Nyerere pale Ukara, simu zilikuwepo tele, zikileta majina ya uongo na ya kweli kwa pamoja. Nyumbani kwetu wazee walifanya nini? Waliwasha redio, wakasubiri.

Bado nina kadi tupu saba na moja iliyojazwa ambayo haikuwahi kupelekwa. Kesho mchana nikipata mwanga mzuri nitapiga picha niziweke hapa, hiyo iliyojazwa nitaziba majina. Aliyekuwa wakala Sengerema, Bunda au Muleba naye aseme kwake kadi zilisafirije, maana najua wengine mlitumia mabasi.