Saa 24 ni za Polisi, si Zako

SWALI: Jumapili saa mbili usiku, watu wanne wasio na sare walimtia mume wangu kwenye Subaru nyeupe karibu na stegi. Nimezunguka vituo vitatu, kote naambiwa hawamjui. Jirani anasema niende Milimani nikaombe habeas corpus. Ndoa yetu ni ya kimila, sina cheti. Nitasikizwa?
Mama wa watoto wawili, Kayole

JIBU: Pole sana, mama. Utasikizwa. Kifungu cha 22 cha Katiba ya Kenya kinamruhusu mtu yeyote kumsemea asiyeweza kufika mwenyewe. Hata shemeji au rafiki angeomba. Kifungu hichohicho kinakataza ada ya kufungua kesi ya haki za kimsingi, basi atakayekudai pesa ya "faili" mwulize ni ya nini.

Ila amri hii ya habeas corpus haimtafuti mtu. Humwambia anayemshikilia: mlete mbele ya jaji, useme unamzuia kwa sheria gani. Hapo ndipo maombi huanguka. Polisi wanaapa kwamba hawanaye, na mwombaji hana la zaidi ya "nashuku ni wao".

Kwa hivyo kazi kubwa iko kwenye hati ya kiapo. Piga ripoti leo, na usitoke kaunta bila namba ya OB (daftari la matukio la kituo), saa, na jina la afisa. Usikubali kuambiwa usubiri saa 24. Hizo ni za polisi kumfikisha mshukiwa kortini, chini ya Kifungu cha 49. Za mumeo, kama alikamatwa, ziliisha Jumatatu usiku korti imefungwa. Zikiisha hivyo, mwisho wa polisi husogea hadi korti inapofunga siku ya kazi inayofuata, yaani Jumanne, ikiwa si sikukuu.

Apa uliyoyaona wewe tu. Aliyoyaona mwenye kibanda ayaapie mwenyewe, maana kinywani mwako ni tetesi. Taja namba ya gari hata kama ni tarakimu mbili, pingu, bunduki, redio ya mawasiliano, maneno waliyosema, saa simu ilipozimika. Ambatisha OB, picha na nakala ya kitambulisho. Video ya kamera za duka iombe mapema, kwa sababu mashine ikijaa hufuta za zamani. Pita pia hospitalini na mochari, ingawa ni uchungu. Utaulizwa kama ulitafuta huko.

Ombi, hati ya kiapo na cheti cha dharura (kinachoeleza kwa nini kesi isisubiri) huwasilishwa Mahakama Kuu, na Nairobi hufanywa kwa mtandao tangu Julai 2020. Wataje Inspekta Jenerali wa Polisi, Mkurugenzi wa DCI (idara ya upelelezi wa jinai), mkuu wa kituo na Mwanasheria Mkuu. Omba pia jaji aamuru polisi wachunguze na warudi na ripoti kwa tarehe maalum. Wakikana kuwa naye, kesi isifie hapo. Weka ushahidi kwamba kila mmoja amepokea nakala, la sivyo tarehe itasogezwa. Huna wakili? Jaribu shirika la msaada wa kisheria liitwalo Kituo cha Sheria.

SWALI: Mke wangu alibeba begi akaenda kwao, na hashiki simu. Korti inaweza kumleta?
Baba Junior, Umoja

JIBU: La. Mtu mzima aliyeondoka kwa hiari hajazuiliwa na yeyote. Kama ndugu zake wamemfungia ndani, hilo ni lingine: kifungu cha 389 cha sheria ya taratibu za kesi za jinai kinamgusa hata anayezuiliwa na watu binafsi. Lakini jaji atamuuliza yeye mwenyewe, na akisema yuko huko kwa kupenda kwake, atarudi alikotoka nawe utarudi Umoja.