Vibao vya 50 na ukomo wa 80 vinaokoa maisha, au ni faini tu?

Mleta mada ameuliza kama vibao vya kilomita 50 kwa saa katika barabara zetu kuu, pamoja na ukomo wa 80 kwa mabasi na malori, vinapunguza vifo au vipo kwa ajili ya faini ya shilingi 30,000. Nimeendesha basi kati ya Dar es Salaam na Mbeya kwa miaka mingi, na ninachoamini ni kwamba ukomo huokoa maisha pale dereva anapojua kuwa anapimwa njia nzima.

Kabla mabasi hayajafungwa mfumo wa ufuatiliaji ambao leo unasimamiwa na LATRA, mamlaka ya usafiri wa nchi kavu, madereva tulikuwa tukionyana kwa taa kwamba mbele kuna tochi, yaani kifaa cha trafiki cha kupima mwendo. Tulipita mbele ya trafiki kwa 50, na tukishampita tulifidia dakika zilizopotea kwenye miteremko na kona, yaani mahali pabaya kuliko pote pa kukimbilia. Mfumo ulipokuja, basi likizidisha mwendo king'ora hulia, abiria wanasikia, na taarifa inafika kwa msimamizi hata kama trafiki hayupo. Wapo wanaouchezea, na hilo linaniuma sana, lakini mabasi kufukuzana njiani kumepungua mno.

Kuhusu 50 vijijini, ambayo wengi huilalamikia, naomba tuangalie umbali wa kusimama. Katika lami kavu, dereva makini akiwa kwenye 50 huhitaji takriban mita 28 tangu aone hatari hadi gari lisimame. Kwenye 80 huhitaji karibu mita 58, na gari zito hata zaidi. Mtoto akitokea ghafla mita 30 mbele yako, wa 50 atasimama, ilhali wa 80 atamgonga akiwa ndiyo kwanza anaanza kushika breki.

Marekani waliweka ukomo wa maili 55 kwa saa, yaani karibu kilomita 88, nchi nzima mwaka 1974, lengo likiwa kuokoa mafuta. Vifo vya barabarani vilishuka kutoka zaidi ya 54,000 mwaka 1973 hadi takriban 45,000 mwaka 1974. Si haki kuupa ukomo sifa yote, kwa sababu mafuta yalikuwa adimu na watu walipunguza safari, lakini kupungua kwa mwendo nako kulichangia. Sheria hiyo ililegezwa mwaka 1987 na kufutwa mwaka 1995.

Linalosahaulika hapa kwetu ni ratiba. Dar es Salaam hadi Mbeya ni zaidi ya kilomita 800, na basi lisilozidi 80, linalopunguza hadi 50 kila kijiji, likapanda mlima Kitonga nyuma ya malori na kusimama ili abiria wapate chakula, likipata wastani wa 60 limejitahidi, maana yake ni safari ya saa 13 au 14. Mmiliki anayemtaka dereva afike kwa saa 11 amemwagiza avunje sheria kabla hajatoka stendi, kwa hiyo ningependa anayekagua mwendo akague pia muda uliopangwa, na ratiba isiyowezekana kwa 80 aikatae siku ileile inapoombwa.