Kwa wadogo wetu wa staji: dharau ya mahakama haifungui kila mlango

Tangu Kongo iingie Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022, vijana wa staji ya uwakili hapa Lubumbashi wanasoma sana hukumu za Nairobi. Vizuri, musome. Lakini kila mara inatokea rekete (ombi la mahakamani) inayoomba mkuu wa divizio ya mkoa, yaani ofisi ya wizara mkoani, afungwe "kwa kudharau mahakama", maana amekaidi amri yake, imenakiliwa neno kwa neno kutoka Kenya. Kenya ile nchi, si komine yetu.

1. Kwetu njia hiyo haiko hivyo. Jaji wa Kongo anamshughulikia anayevuruga kikao mbele yake, lakini hakuna kesi ya dharau ya kumfungulia afisa aliyekaidi hukumu. Kuna kifungu cha 151 cha Katiba, kinachokataza serikali kuzuia utekelezaji wa hukumu. Kuna kifungu cha 180 cha kanuni ya adhabu, kwa afisa anayevunja haki za raia kiholela. Hicho ni cha parke, ofisi ya waendesha mashtaka. Yaliyobaki mutayakuta katika sheria ya korti za utawala, namba 16/027 ya tarehe 15 Oktoba 2016. Muisome yote, si kurasa mbili mulizotumiwa kwa WhatsApp.

2. Hata kule ilikotoka, dharau ina mipaka. Tuseme mahakama imeamuru: "Ofisi ichunguze ombi la huyu mama na kutoa jibu lenye sababu ndani ya siku 30." Ofisi imeagizwa nini? Kujibu. Haikuagizwa kukubali. Siku ya 28 jibu linatoka: ombi limekataliwa, kwa sababu mbovu, pengine kwa sheria iliyokwisha kufutwa. Mteja anawaka, na mdogo wetu anawaka kumzidi: "Wametudharau!" Hapana, wamekosea, na kosa hilo lina dawa yake. Mahakama ya Juu ya India ilitamka hivyo mwaka 1996 katika kesi ya J.S. Parihar: uamuzi uliotolewa kufuata amri, hata ukiwa mbaya, unazaa dai jipya. Jaji wa dharau hapimi usahihi wake, wala haongezi agizo ambalo hukumu ya kwanza haikuwa nalo. Dharau inakaribia jinai: Kenya wanadai uthibitisho unaozidi ule wa kesi za madai, tena wa mambo manne. Amri iwe wazi, mhusika awe aliijua, awe aliivunja, na awe alikusudia. Amri inayosomeka kwa namna mbili inamwokoa afisa.

Maumivu yenyewe yako kwenye kalenda. Wakati kijana anakimbizana na dharau, muda wa kupinga lile jibu jipya unakwisha. Kwetu, kabla ya kuomba uamuzi ubatilishwe, unapeleka kwanza lalamiko kwa mamlaka husika ndani ya miezi 3 tangu uamuzi utangazwe au mteja aarifiwe. Usipopeleka, rekete haipokelewi, na hakuna atakayeuliza kama mama alikuwa na haki. Kwa hiyo siku ileile jibu linapofika, andika tarehe, tunza bahasha, andaa lalamiko, na udai risiti ya kupokelewa. Uamuzi wa gavana unakwenda korti ya utawala ya rufaa. Wa waziri unakwenda Conseil d'État, korti ya juu kabisa ya utawala, Kinshasa. Kukiwa na haraka, omba refere, yaani amri ya haraka ya muda, ya kusimamisha uamuzi.

3. Ofisi ikinyamaza hadi siku 30 zipite, hapo ndipo mwenzenu wa Nairobi au Delhi ana kesi ya dharau. Asiote mengi lakini. India kikomo ni kifungo cha miezi 6 na faini ya rupia 2,000, na shauri lianze ndani ya mwaka 1. Uingereza, katika kesi ya M dhidi ya Home Office ya mwaka 1993, waziri alitangazwa kuwa amedharau mahakama, kwa cheo chake, hakulala gerezani. Majaji waliona tamko lenyewe, pamoja na gharama za kesi, linatosha, na kuwa yaliyobaki ni kazi ya Bunge. Mteja aambiwe hayo kabla hajalipa.

4. Kupeleka hati. Musiandike "Serikali" tu. Andikeni cheo, ofisi, tarehe, saa, na jina la aliyesaini kupokea. Sekretari akikataa kusaini, muite wisie wa korti, mpeleka hati rasmi, aandike kwamba amekataa. Musirudi kabineti ya wakili mikono mitupu mukisema "walikataa".