Kambi ni ya Wiki Nane, Bili ni za Mwaka Mzima

Safu ya wasomaji: Pesa Zetu

Toleo lililopita niligusia kidogo tu kambi za likizo za watoto, basi simu yangu haikupumzika wiki nzima. Nimechukua maswali matatu. Hili jambo nalijua kwa mikono yangu, nimefanya kazi kambini misimu miwili kule Maine, Marekani, kwa hiyo mnisamehe nikirefusha pale panaponiuma.

SWALI: Habari dada. Mimi ni mama wa watoto wawili, mmoja miaka 9 mwingine 12, tunaishi Columbus, Ohio. Mimi na mume wangu wote tuko kazini na shule zinafungwa kuanzia mwanzoni mwa Juni hadi Agosti, huku hakuna bibi wala shangazi wa kumwachia mtoto. Nimeulizia kambi ya kulala hukohuko wameniambia dola 1,000 kwa wiki, mtoto mmoja! Yaani kwetu Kigoma hela hiyo inasomesha mtoto mwaka na chenji inabaki. Hivi hawa watu si wanatuibia? - Mama Wawili

JIBU: Mama Wawili, pole kwanza. Na hapana, wengi wao hawakuibii, ila ngoja nikuonyeshe hela inakoenda halafu utaamua mwenyewe.

Kambi inauza wiki nane, ikijitahidi sana kumi, kwa sababu ndo muda watoto wa Marekani wako nyumbani. Lakini ardhi inalipiwa kodi miezi kumi na miwili, bima haijui likizo, mkurugenzi anakula hata Januari, na mapaa yanavuja theluji ikiyeyuka wakati hakuna mtoto hata mmoja pale. Msimu wangu wa kwanza nilifika wiki mbili kabla ya watoto. Kule wakati wa baridi maji yote yanatolewa kwenye mabomba yasije yakaganda yakapasuka, sasa ile siku ya kufungua koki kubwa tumesimama wote pale, maji yakaanza kuruka nyuma ya ukuta wa bafu la kibanda cha nne, fundi kavua kofia kalala chini kifudifudi na tochi mdomoni, akawa anahesabu kwa sauti viungo vilivyopasuka na mwenye kambi anaandika kwenye daftari. Siku tatu nzima. Kisha tukaingia ziwani kuunga gati, maana gati nalo hutolewa majini kabla ya baridi barafu isije ikalivunja, maji yalikuwa ya baridi mpaka miguu haisikii kitu. Hapo hakuna mzazi hata mmoja aliyemwona mtoto wake akicheza, na hela ishaenda.

Sasa chukua kalamu. Tuseme kambi ina vitanda 120, ada dola 1,000 kwa wiki, wiki nane, vyote vikijaa ni dola 960,000. Tuseme gharama zote ni 880,000. Inabaki 80,000, si haba. Sasa vitanda 10 vikikosa watoto msimu mzima, mapato yanapungua 80,000, na anachookoa mwenye kambi ni chakula tu, tuseme dola 100 kwa mtoto kwa wiki, yaani 8,000. Nesi ni yuleyule, mpishi yuleyule, bima ileile. Ile faida ya 80,000 imebaki 8,000. Vitanda kumi tu mama! Ndo maana utaona wanakuomba advansi toka Oktoba, wanakupunguzia ukilipa mapema, wanakupunguzia ukileta na mdogo wake, na mtoto aliyekuja mwaka jana wanamwandikia mpaka kadi ya birthdei. Mtoto anayerudi hawamtafuti kwa matangazo. Na ile advansi yako ya Oktoba ndo inayolipa umeme wa Februari.

Halafu kuna watu. Chama cha kambi cha Marekani, American Camp Association, kipo tangu 1910, kambi inayotaka kuthibitishwa nacho lazima ifuate viwango vyake, na kwa kambi za kulala watoto wa miaka 6 mpaka 8 ni mlezi mmoja kwa watoto 6, wa miaka 9 mpaka 14 ni mmoja kwa 8. Hao ni walezi peke yake, bado waokoaji wa kwenye maji, nesi, jikoni, na wa kushika zamu wenzao wakipumzika. Sehemu kubwa ya ada yako inanunua macho ya watu wazima juu ya mwanao, mchana na usiku.

Na hili naomba niliseme wazi. Tarehe 4 Julai 2025 mto Guadalupe kule Texas ulifurika alfajiri, kwenye kambi moja ya wasichana walikufa watoto na walezi 27. Mwaka huohuo Texas ikapitisha sheria ya kuzinyima leseni kambi zenye vibanda vya kulala kwenye uwanda wa mafuriko wa mto. Kuhamisha vibanda ni hela nyingi, wapo wenye kambi wanaolalamika, na sehemu ya hiyo hela itakuja kwenye ada za wazazi. Mimi nasema ilipwe. Ukipiga simu kambini usianze na bei, anza na: vibanda viko wapi na mto uko wapi, nani anakesha, simu ikikatika mnajuaje kama mvua kubwa inakuja. Anayebabaika kujibu mwache hata akikupa nusu bei.

Kwa upande wako sasa. Kambi ziko za bweni na za kutwa, kama shule tu, na nyinyi wote wawili mnafanya kazi, kwa hiyo kambi ya kutwa inaingia kwenye ile nafuu ya kodi ya malezi ya watoto, fomu 2441, kwa mtoto ambaye hajafika miaka 13. Gharama zinazohesabiwa mwisho dola 3,000 kwa mtoto mmoja na 6,000 kwa wawili au zaidi. Kambi ya kulala haihesabiwi hata senti. Wengi wetu hatuambiwi hili! Waombe kambi namba yao ya kodi mapema, bila hiyo fomu inasumbua, na huyo wa miaka 12 angalia birthdei yake, siku akifika 13 gharama zake kuanzia hapo hazihesabiki tena.

Pia uliza msaada wa ada. YMCA, kile chama cha vijana cha Kikristo, wana utaratibu wa kupunguzia familia kulingana na kipato na kambi nyingi binafsi zina mfuko wao, wala si kitu kipya, New York kuna Fresh Air Fund inayopeleka watoto wa familia za kipato kidogo nje ya jiji bure toka 1877. Ila omba Januari. Mei mifuko imeshakauka na wanaobaki kuambiwa hapana mara nyingi ni sisi wageni, tunaodhani kuomba ni aibu.

SWALI: Dadangu hujambo. Mimi ni kijana wa Kisauni, Mombasa, miaka 21, niko chuo mwaka wa pili na kuogelea nimezaliwa nako. Kuna jamaa asema nimpe elfu themanini anitafutie kazi ya kambi Marekani, mshahara dola elfu tatu kwa mwezi. Nimpe?

JIBU: Usimpe, mdogo wangu.

Kazi yenyewe ipo na ni ya halali, vijana wa kutoka nje wanaenda kila mwaka kwa viza ya J-1, ile ya programu za kubadilishana wageni, kipengele cha walezi wa kambi. Unatakiwa uwe na miaka 18 au zaidi, uwe mwanafunzi wa chuo, mwalimu, mfanyakazi wa vijana au mtu mwenye ujuzi maalumu, na Kiingereza kiwe kizuri. Unakaa miezi minne basi, haiongezwi. Lakini lazima upitie wakala aliyesajiliwa na wizara ya mambo ya nje ya Marekani, na orodha yao iko wazi kwenye tovuti ya wizara hiyo, mtafute huyo jamaa pale. Hayupo? Basi umepata jibu.

Sasa huo mshahara. Kanuni inasema mgeni alipwe sawa na Mmarekani anayefanya kazi hiyohiyo, ni nzuri, ila Mmarekani mwenyewe analipwaje? Sheria ya kazi ya shirikisho inazisamehe biashara za burudani za msimu, zile zinazofunguliwa miezi isiyozidi saba kwa mwaka, zisibanwe na kima cha chini ambacho ni dola 7.25 kwa saa toka 2009. Kuna majimbo yana masharti yake lakini kwa kawaida mlezi anapewa mkupuo wa msimu mzima pamoja na kitanda na chakula, na ukiugawa kwa saa unazokaa na watoto unapata hela ndogo sana. Hapa siwatetei wenye kambi. Ile hesabu ya vitanda niliyompa Mama Wawili inasimama kwa sababu kijana wa miaka 19 anaamka saa kumi na mbili na nusu na analala watoto wakishalala, na nimewaona wanalia nyuma ya jiko kwa uchovu wiki ya tano. Nenda ukijua hivyo. Mimi nilirudi na akiba ndogo na marafiki nilio nao mpaka leo, sikujuta, ila sikuwa na deni la elfu themanini mgongoni.

Kingine, kwa viza hiyo hawaruhusiwi kukufanya mpishi wala muosha vyombo wala mfagizi, ukifika ukapewa jiko piga simu kwa wakala wako siku hiyohiyo. Na kabla hujalipa chochote angalia ubalozi unasemaje kuhusu pasipoti yako kwa msimu huo, maana milango hufungwa ghafla, Juni 2020 Marekani ilisimamisha viza hizi za walezi, na mwaka 2025 Burundi iliwekewa vikwazo vilivyogusa na viza hizi za J. Kama kweli unaogelea hivyo, hela yako itumie kupata cheti cha uokoaji kinachotambulika. Ufukwe wa kambi haufunguliwi bila mwokoaji, mwenye cheti ndo wanamgombania.

SWALI: Shikamoo. Ni mwalimu wa msingi hapa Moshi, nataka kuanzisha kambi ya watoto likizo ya Juni, michezo, bustani, kupanda milima midogo, kusoma hadithi. Nimeona ekari mbili zinauzwa, benki wako tayari kunikopesha. Unashauri nini?

JIBU: Marahaba mwalimu. Umenifurahisha kwa kweli, hata Marekani kambi zilianzia kwa walimu, anayetajwa wa kwanza ni mwalimu mkuu mmoja wa Connecticut, Frederick Gunn, aliyewatoa wanafunzi wake wakalale mahemani mwaka 1861. Na kuna kijana aliitwa Ernest Balch alifungua kambi ya wavulana, Chocorua, kwenye kisiwa cha ziwa kule New Hampshire mwaka 1881, watoto wa matajiri wakafundishwa kupika na kufua wenyewe, kila mmoja pesa ya mfukoni sawa, ukitaka zaidi unafanya kazi, mpaka benki yao ya kambi walikuwa nayo. Iba hilo wazo, ni zuri sana kwa watoto wetu.

Lakini ardhi usinunue! Ukinunua unajinunulia ile shida ya Maine, mkopo wa miezi kumi na miwili na wateja wa wiki tatu. Moshi yenu imejaa shule zenye uwanja, jiko, vyoo na mabweni, na Juni zinalala. Nenda kwa mkuu wa shule moja kodi kwa siku.

Anza na kutwa, siku tano, watoto 30. Nikupe mfano, bei rekebisha za kwenu. Ada 150,000 kila mtoto, jumla 4,500,000. Walezi wanne 30,000 kwa siku ni 600,000, na uwalipe siku mbili za mafunzo kabla, 240,000. Chakula watu 36 kwa 8,000 siku tano ni 1,440,000. Shule 500,000, nesi 250,000, gari 600,000, vifaa 400,000, bima na dharura 200,000. Jumla 4,230,000. Umebaki na 270,000, na mshahara wako hujauweka.

Sasa wazazi wawili tu wakisema mwalimu nitakutumia mwisho wa mwezi, watoto wakala wakacheza wakaenda, zimepotea 300,000, umeshaingia hasara ya 30,000. Kwa hiyo hela iingie kwenye simu kabla ya Jumatatu. Najua ni wazazi wa wanafunzi wako na unaona haya, lakini mwambie karani wa shule apokee, we ubaki kuwa mwalimu. Mtoto usiyetaka akose kwa sababu kwao hakuna, panga nafasi yake toka mwanzo, mtafute mwenye duka kubwa au mzazi mwenye uwezo alipie nafasi moja, usiibebe kimyakimya.

Usipunguze walezi wala nesi ili ubaki na faida. Ukitaka kuongeza, ongeza wiki ya pili na watoto wengine, maana mafunzo na vifaa vingi umeshalipia, hapo ndipo unaanza kuona laki tano tano za kwako. Desemba rudia palepale. Wale waliokuja Juni waandikie mama zao Oktoba, majina yao kamili na walichopanda bustanini. Na kabla ya hayo yote nenda ofisi ya ustawi wa jamii ya halmashauri na kwa afisa elimu, waeleze kwa maandishi kuwa hii si tuisheni, wakuambie vibali.

Ukimaliza ile Juni ya kwanza nitumie daftari lako la matumizi, tulipitie pamoja hapahapa kwenye safu, kuanzia na nesi ulimlipa shilingi ngapi.